Ripoti ya mpima peke yake haimalizi kesi

Ndugu, huyo jirani yako wa Nkuhungu, Dodoma, mnayegombania mpaka wa kiwanja, anayesema ripoti ya mpima ardhi wake "imemaliza kesi" anakutisha tu. Ile ni maoni ya mtaalamu: Baraza la Ardhi na Nyumba linaipima pamoja na ushahidi mwingine, halifungwi nayo. Cha kuuliza ni mpima alianzia wapi. Kama alianzia kwenye bikoni (jiwe la mpaka) hiyohiyo mnayogombania, kapima nini sasa? Alipaswa kushika ramani ya upimaji iliyosajiliwa na koodineti zake, kisha aanzie kupima kwenye bikoni zisizo na ubishi. Viwanja vingi vya zamani Dodoma vilipimwa enzi za CDA, ile Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu iliyovunjwa 2017, kwa hiyo fuatilia jalada ofisi ya ardhi ya Jiji. Ripoti ikiletwa, omba mpima mwenyewe aje ahojiwe, na baraza litembelee eneo.

Ingekuwa shamba lisilopimwa, tuseme Bahi au Chamwino, ningekwambia tafuta wazee wanaojua nani alipanda ile minyaa ya mpakani.

Na usiruke baraza la kata. Tangu 2021 linasuluhisha tu, ila Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya litataka cheti kuwa usuluhishi umeshindikana, au siku 30 ziwe zimepita bila suluhu.