Kabla hujabandika mashine ya stima mgongoni

Mamangu ndiye aliyeliona. Alikuwa akinibadilishia shuka asubuhi, akanyamaza, kisha akauliza, "Hiki nini, mwanangu?" Kwenye paja langu la kushoto palikuwa na lengelenge la ukubwa wa shilingi kumi, na ngozi ya kando yake imeiva. Mimi sikuhisi kitu. Usiku uliopita nilibandika vibandiko vya mashine ya stima hapo hapo, na kwa kuwa sikusikia chochote nikaizungusha nguvu hadi mwisho, nikapitiwa na usingizi nayo ikifanya kazi. Kidonda kile kilichukua wiki saba kupona.

Naandika kwa ajili ya mtu aliyeko kitandani sasa hivi, Likoni au Mishomoroni hapa Mombasa, ambaye jirani amekuja kumwambia kuna mashine inaponya mgongo.

Nilianguka mwaka 2019 kutoka juu ya jukwaa la mjengo Kisauni, nikipaka rangi. Pingili ya kwanza ya kiuno ilipasuka ikaubana uti wa neva unaopita ndani ya mgongo, lakini haukukatika wote. Mguu wa kulia ulinirudia kiasi. Wa kushoto ulibaki na ganzi kuanzia pajani. Na juu ya ganzi hiyo kuna moto, hasa usiku. Mwenye maumivu haya atanielewa: ngozi haihisi mkono wa mtu, lakini nyayo zinaungua kama umesimama juu ya bati la saa saba mchana. Dawa nilipewa, na zilisaidia nusu.

Mashine ndogo ya vibandiko inaitwa TENS, na ukielewa inavyofanya kazi utajua mahali pa kuibandika. Mwaka 1965 wanasayansi wawili, Ronald Melzack na Patrick Wall, walieleza kwamba ndani ya uti wa mgongo kuna kitu mfano wa mlango. Mtoto akijigonga goti, mamake hulisugua. Ule mguso husafiri kwa nyuzi nene za neva, ukifika kwenye uti huusukuma mlango, na maumivu yanayokuja kwa nyuzi nyembamba hupita kwa shida. Mashine hufanya kazi ya mkono wa mama. Basi jiulize: penye ganzi, ni mguso gani utakaopita? Nilikuwa nasugua mahali ambapo habari haifiki, huku joto likiichoma ngozi.

Fizio, mtaalamu wa mazoezi ya viungo, aliponielekeza, alivihamisha vibandiko hadi kando ya uti wa mgongo, juu kidogo ya palipoumia, ngozi inapohisi vizuri. Kasi akaiweka kati ya mapigo 80 na 100 kwa sekunde, nguvu ikapanda hadi nikasikia mwasho mkali usiouma. Dakika thelathini. Moto haukuzimika, ila ulishuka kiasi cha kuniwezesha kulala, na baada ya kuizima nafuu ile ilidumu saa moja hivi. Kwangu hiyo ni neema, kwa sababu saa moja ya mwanzo ndiyo ya kupata usingizi. Kuna wenzangu wa ajali ya mgongo ambao haikuwasaidia hata kidogo. Kwa hiyo omba kuijaribu mara kadhaa kwa fizio kabla ya kununua yako.

Hapa kwetu kuna mambo mawili ambayo kijitabu cha mashine hakiyasemi. La kwanza ni mafuta ya nazi. Tunajipaka asubuhi na jioni, na kibandiko hakishiki juu ya mafuta. Kikibanduka upande mmoja, stima yote hujikusanya kwenye kipande kidogo kilichobaki, na hapo ndipo ngozi inapoungua. Osha kwa maji na sabuni, kausha, ndipo ubandike. Msimu wa kaskazi jasho hufanya vivyo hivyo, basi kaa karibu na feni na ukague kila baada ya muda. La pili ni kahawa. Mwaka 1995 ulichapishwa uchunguzi mdogo ulioonyesha kwamba kafeini hupunguza nafuu ya TENS. Mimi ni mtu wa kahawa chungu baada ya isha, na mashine niliitumia saa hiyo hiyo. Sasa nakunywa alfajiri.

Nililopoteza zaidi ni pesa. Mtu mmoja alinitoza shilingi 15,000 kwa vikao kumi vya stima kwenye mguu wa kushoto, akiniahidi nitatembea. Msuli haukucheza hata mara moja. Baadaye nikaelezwa sababu. Stima ya kukunja msuli, ambayo si TENS, haiamshi msuli moja kwa moja. Huamsha neva inayoufikia. Pingili za juu zikiumia, neva hiyo mara nyingi huwa hai chini ya jeraha, na msuli huitikia. Lakini kuumia kiunoni kama nilivyoumia mimi kunaweza kuiua neva yenyewe, na stima ya kawaida haina cha kuamsha. Jaribio la dakika tano lingetosha kulijua hilo siku ya kwanza. Ukiambiwa ulipie vikao kumi kabla msuli wako haujajaribiwa, ondoka.

Mguu wa kulia uliitikia, na hapo niliona faida ya kweli. Lakini fizio hakuniacha nilale tu. Stima ikikaza paja, nami nasukuma goti kwa nguvu zangu zote, linyooke pamoja nayo. Siku nilizokuwa mvivu nikaiachia mashine kazi, sikupata kitu.

Hata yale ya ng'ambo tunayoyaona kwenye simu yana jasho hilo hilo. Rob Summers, Mmarekani aliyepooza baada ya kugongwa na gari, aliwekewa kifaa cha stima juu ya uti wa mgongo mwaka 2009, na mwaka 2011 ikatangazwa kwamba amesimama akiwa ameshikiliwa. Kabla ya upasuaji alifanya mazoezi mara 170 kwa miezi 26. Desemba 2024 Marekani iliruhusu kifaa cha kubandika juu ya ngozi ya nyuma ya shingo kwa walioumia uti shingoni bila kukatika wote, ili mikono yao ipate nguvu na hisia. Nacho hutumiwa pamoja na mazoezi. Kiliruhusiwa kwa ajili ya mikono tu, basi usimruhusu mtu akuuzie vibandiko vya kawaida kwa jina la kifaa hicho.

Kama umeumia pingili ya sita ya kifua au juu yake, tafadhali usijifanyie mwenyewe nyumbani. Stima inaweza kupandisha presha ghafla: kichwa kinapasuka kwa maumivu, uso unaiva, jasho linatoka juu ya jeraha. Zima, mkalishe mgonjwa wima, mlegeze nguo, angalia kama mpira wa mkojo umejikunja, na kama hali haishuki mkimbize hospitali. Mwenye kifaa cha kuendesha moyo asiiguse mashine bila daktari wake. Mjamzito asibandike tumboni wala kiunoni. Na mbele ya shingo hapabandikwi kamwe, kwa mtu yeyote.

Ukienda kwa fizio, ibebe mashine yako na vibandiko vyake, umwonyeshe kwa kidole pale ulipokuwa ukibandika. Mimi nilikwenda mikono mitupu, nikaeleza kwa maneno, na tukaelewana vibaya miezi miwili.