Siku ya kupanda meli Bukoba ukiwa na bibi na mikungu sita ya ndizi

Dada umeuliza kama kufika bandarini saa moja kabla meli ya Mwanza haijaondoka inatosha, jibu ni hapana, labda kama unasafiri na kipochi tu. Wewe una bibi na mikungu sita, nenda mapema mchana kabisa, mzigo upimwe kwenye mizani na ulipiwe risiti kabla foleni haijafika nje ya geti. Makuli patana nao bei kabisa kabla mkungu haujaguswa, maana ukishapanda begani kwake bei inakuwa nyingine hiyo, na umfuate nyumanyuma hadi uone ameuweka wapi, mi niliwahi kumwacha "aende tu nakuja" nikashuka Mwanza na mikungu mitatu badala ya minne. Funga kitambaa cha rangi kwenye kila mkungu, ndizi zote zinafanana aisee.

Bibi mkatie sehemu ya kulala, usiku ule wote kukaa kwenye kiti sio mchezo na ziwa likichafuka ndo kabisa. Kitambulisho kiwe mkononi, majina yanaandikwa, na tangu meli ya MV Bukoba izame na mamia ya watu Mei 1996 watu wa kwetu hilo hatulifanyii utani.

Halafu honi ikilia msikimbilie ngazi, wasindikizaji ndo wanashuka muda huo kwa fujo, subirini pembeni. Kemondo, bandari inayofuata, meli inasimama tena kupakia, hapo usilale, kaa karibu na mzigo wako. Senene nunua mjini, getini wanakupiga bei.