Jibu langu ni Mpande

Mhariri,

Swali lenu la juma hili linauliza ni mfalme gani wa Wazulu aliyeacha urithi mkubwa kuliko wenzake, nami sina shaka kwamba barua nyingi mlizokwisha kupokea zimemtaja Shaka. Ana haki ya kutajwa, kwa kuwa ndiye aliyeuchukua ukoo mdogo mwaka 1816 na kuufanya dola iliyoogopwa, kabla ya kuuawa na ndugu zake mwaka 1828. Hata hivyo mimi namtaja Mpande, ndugu yake kwa baba, ambaye masimulizi mengi humruka yakitoka kwa Dingane, ndugu aliyemuua Shaka na kumrithi, kwenda kwa Cetshwayo, kana kwamba hiyo miaka 32 ya katikati haikuwapo.

Sababu yangu ya kwanza ni ya nasaba. Shaka hakuacha mtoto aliyemkubali kuwa wake, wala kiti hakikupita kwa uzao wa Dingane. Cetshwayo alikuwa mwana wa Mpande, Dinuzulu mjukuu wake, na baada yao wakafuata Solomon, Bhekuzulu, Zwelithini na huyu Misuzulu wa leo, wote damu yake. Dingane alipoingia madarakani aliwaua ndugu kadhaa aliowahofia, lakini Mpande alimwacha hai kwa kumwona mtu dhaifu asiyeweza kudhuru. Kosa hilo lilimgharimu ufalme.

Baada ya kushindwa na Makaburu kwenye Mto Ncome tarehe 16 Desemba 1838, Dingane alitaka kuhamishia nguvu zake kaskazini, na Mpande akaitwa ajiunge naye. Badala ya kuitika, mwezi Septemba 1839 Mpande alivuka Mto Thukela kuelekea kusini akiwa na wafuasi wapatao 17,000 na makundi makubwa ya ng'ombe, tukio ambalo Wazulu hulikumbuka kama kukatika kwa kamba iliyolifunga taifa. Alifanya mapatano na Makaburu, na Januari 1840 jeshi lake, likiongozwa na Nongalaza, likamshinda Dingane kwenye vilima vya Maqongqo. Wapo wanaomwita msaliti kwa hilo, na kwa kipimo cha ushujaa wa vitani sina la kumtetea, kwa maana aliwalipa waliomsaidia kwa ng'ombe na kwa ardhi. Lakini Waingereza walipoichukua Natal, nchi iliyo kusini mwa Thukela, kutoka kwa Makaburu, alipatana nao mwaka 1843 mpaka uwe mito ya Thukela na Mzinyathi, na upande wa kaskazini ukabaki wake.

Alichokihifadhi huko nyuma ya mito ndicho kiini cha hoja yangu. Nguvu ya mfalme wa Wazulu haikuwa mkuki mfupi tunaosimuliwa tangu shule ya msingi. Ilikuwa amabutho, yaani vikosi vya rika. Vijana wa umri mmoja waliitwa pamoja, wakapewa jina, wakakaa kwenye kambi za mfalme wakimlimia mashamba, wakimchungia mifugo na kumpigania, wala hawakuruhusiwa kuoa na kuvaa ile pete ya kichwani ya watu wazima mpaka mfalme atoe ruhusa. Kwa hiyo mfalme alishika jasho la vijana na pia saa ya kuanzishwa kwa kila kaya mpya. Mpande aliuendeleza mpango huo na kuunda vikosi vipya, kikiwemo uThulwana, ambacho Cetshwayo mwenyewe alikuwa mmoja wa vijana wake. Waingereza walielewa jambo hili vizuri kuliko wasimulizi wengi: masharti waliyomtumia Cetshwayo Desemba 1878 yalimtaka auvunje mfumo huo. Alikataa, na tarehe 22 Januari 1879 huko Isandlwana waliouawa upande wa Waingereza, askari wao pamoja na Waafrika waliokuwa nao, walizidi 1,300.

Doa lake kubwa ni kusitasita kumtaja mrithi. Tarehe 2 Desemba 1856 wanawe Cetshwayo na Mbuyazi walipigana Ndondakusuka, kando ya Thukela, na maelfu wakafa, Mbuyazi akiwa miongoni mwao.

Mniruhusu nichepuke kidogo, kwa kuwa naandika kutoka Songea. Hapa kwetu hupenda kusema kwamba sisi Wangoni ni watoto wa Shaka. Ukweli ni kwamba Zwangendaba, kiongozi wa Wangoni, aliondoka kule akimkimbia Shaka baada ya kushindwa kwa Zwide, mfalme wa Wandwandwe, akavuka Zambezi mwaka 1835, siku lilipopatwa jua. Tulichobeba ni zile rika za kivita, na maneno kama nkosi, yaani mfalme, na nduna, yaani mkuu aliye chini yake.

Kilichofuata kule kwao nakipitia haraka. Baada ya Wazulu kushindwa na Waingereza huko Ulundi, tarehe 4 Julai 1879, nchi ilikatwa vipande 13. Cetshwayo akahamishwa, akaonana na Malkia Victoria mwaka 1882, akarudishiwa sehemu tu ya nchi yake na kufa mwaka 1884. Dinuzulu alipelekwa kisiwa cha Saint Helena. Amabutho yakapoteza meno, na leo huonekana zaidi kwenye sherehe, kama ilivyokuwa Agosti 2022 Misuzulu alipoingia zizini, ibada ya kutawazwa kwake, huko Nongoma.

Nguvu iliyobaki ni ardhi. Siku chache kabla ya uchaguzi wa Aprili 1994 iliundwa amana ya Ingonyama, chombo cha kushika ardhi kwa niaba ya wakazi wake, jina lenye maana ya simba na ambalo pia ni la heshima kwa mfalme. Mfalme ndiye mdhamini wake, na ardhi yake ni hekta zipatazo milioni 2.8, karibu theluthi moja ya jimbo la KwaZulu-Natal. Amana hiyo ilipowataka wanavijiji watie saini mikataba ya upangaji na kulipa kodi kwa viwanja walivyokuwa wakivihesabu kuwa vyao, Mahakama Kuu ya Pietermaritzburg iliamua Juni 2021 kwamba mikataba hiyo ni kinyume cha sheria na fedha zirudishwe. Aliyeketi na Waingereza mwaka 1843 kupatana mpaka wa mito angeuelewa ugomvi huo mara moja. Shaka, nadhani, angeuliza tu vikosi viko wapi.