Nikipakia saruji stelingi inakuwa nyepesi, shida nini?

SWALI: Shikamoo fundi. Naendesha Probox, napandisha saruji na bidhaa za duka kutoka Muheza mpaka Amani. Gari ikiwa tupu haina neno, ila nikiweka mifuko sita ya saruji kwenye buti stelingi inakuwa nyepesi kama naelea, usiku wanaokuja mbele wananipigia taa wakidhani nimewasha ful, na mvua ikinyesha kwenye mlima tairi za mbele zinazunguka bure. Kuna fundi kaniambia niweke springi ngumu nyuma itaisha. Nimsikilize? Dereva, Muheza.

JIBU: Marahaba mdogo wangu. Springi usinunue kwanza. Springi ngumu itanyanyua nyuma, taa zitashuka, utaona gari imepona kumbe zile tairi za mbele ziko vilevile, maana springi haiondoi uzito pale ulipo, inaunyanyua tu.

Chukua ubao mrefu uulaze juu ya jiwe, ukikandamiza upande mmoja, ule wa pili unanyanyuka si ndio? Sasa ekseli yako ya nyuma, yaani pale tairi za nyuma zilipo, ndo hilo jiwe. Mzigo ukikaa nyuma ya ekseli unaipokonya mbele uzito wake. Tupige hesabu ya mfano: tuseme kutoka tairi ya mbele mpaka ya nyuma ni mita 2.5, na gari na wewe ndani mbele inabeba kilo 650, nyuma 450. Mifuko yako sita ya kilo 50 ni kilo 300. Ukiirundika nusu mita nyuma ya ekseli, tairi za nyuma zinaongezewa kilo 360, yaani zaidi ya saruji yenyewe, na hizo 60 za ziada zimetoka mbele, mbele imebaki 590. Laza siti za nyuma, isogeze mifuko ileile iwe nusu mita mbele ya ekseli: nyuma inaongezeka 240 tu na mbele inafika 710. Tofauti ya kilo 120 kwenye tairi zinazokata kona, na hujapunguza hata mfuko mmoja!

Na Probox nyingi zinavutwa na tairi za mbele, hizohizo ndo zinakata kona na ndo zinafanya kazi kubwa ya breki, kwahiyo ukizinyima uzito umejinyima vyote vitatu kwa mpigo. Kwenye kupanda hali inazidi kuwa mbaya kwasababu mlima wenyewe unasukuma uzito nyuma, ndo maana zinazunguka kwenye tope la Amani. Hili naomba usilichukulie kawaida, ile barabara ina kona na makorongo, na mara nyingi unakuwa na watu humo ndani.

Kitu kingine, angalia stika nyuma ya gari, Probox nyingi zimeandikwa kilo 400 na pembeni 250. Maana yake mkiwa wawili mwisho kilo 400, mkijaa watano mwisho 250. Watu watano na mifuko sita tayari umepitiliza, hapo hata upange vipi. Upepo wa tairi za nyuma fuata kibandiko cha mlango wa dereva, na mzigo mzito usiuweke kwenye keria ya juu, kwenye kona gari inalalia tairi za upande mmoja na ukishika breki inainama sana.

Mifuko panga kulia na kushoto sawa, ifunge kamba isije ikakurukia mgongoni. Ukipata mizani ya malori omba wakupimie: panda na tairi za mbele peke yake uandike namba, alafu panda gari nzima, toa ile ya kwanza, inayobaki ndo ya nyuma. Pima mara mbili, mzigo ukiwa kwenye buti na ukiwa umesogezwa, alafu hizo namba kamwoneshe huyo fundi wa springi.