Kuhusu harusi ya kifahari hapa Kigoma

Dada yangu, umeuliza ni maamuzi gani yatakayoipa harusi yako hadhi, na kama ni lazima mapambo yaagizwe Dar es Salaam. Anza na idadi ya wageni. Najua ni vigumu kumnyima kadi aliyechanga, lakini wageni 600 watapanga foleni ya chakula, ilhali 150 wanaweza kuhudumiwa mezani, kila mmoja akiwekewa mgebuka (samaki wa Ziwa Tanganyika) mzima wa kuchoma unaotoa mvuke, na kipande cha ndimu pembeni.

Ukichagua ufukwe wa Ziwa Tanganyika, panga kati ya Juni na Agosti, mvua zikiwa zimekatika. Hata hivyo upepo wa kusini huvuma kwa nguvu miezi hiyo, hivyo mahema yafungwe barabara na mishumaa iwekwe ndani ya vioo. Jua huzama upande wa Kongo karibu saa moja jioni, nami nakusihi mshereheshaji anyamaze dakika hizo, wageni watazame ziwa. Mapambo ya Dar es Salaam si lazima. Jenereta ya akiba ni lazima.