Wanorni Ndio Wenye Kauli ya Mwisho

Ndugu Mhariri, wiki hii mliuliza ni nani, katika visasili vya mataifa, mwenye kauli ya mwisho juu ya maisha ya mtu. Kwa watu wa kale wa Skandinavia, jibu langu ni wale wanawake waitwao Wanorni, wala si Odin, mungu wao mkuu, ambaye alijua kwamba atamezwa na mbwa mwitu Fenrir na bado hakupata pa kukwepea.

Wengi huwaeleza kama wasokota nyuzi watatu, mmoja wa jana, mmoja wa leo, mmoja wa kesho. Naona sura hiyo inawafaa zaidi Moira, miungu wa kike wa majaliwa wa Wagiriki. Katika shairi la Völuspá, lililohifadhiwa Iceland katika muswada wa karibu mwaka 1270, Wanorni watatu, Urd, Verdandi na Skuld, hawasokoti chochote. Wanachonga kwenye vipande vya mti, wanaweka sheria na kuwapangia watu maisha yao. (Sisi nasi husema fulani ameandikiwa, hatusemi amefumiwa.) Nyuzi zimo katika shairi jingine, ambamo usiku aliozaliwa shujaa Helgi Wanorni wanakuja na kufunga nyuzi za dhahabu angani.

Majina yenyewe yana mengi. Urd na Verdandi yametokana na kitenzi kimoja chenye maana ya kuwa au kutokea, lakini Skuld limetokana na kitenzi cha kupaswa, na hadi leo neno hilo katika Kiaislandi na Kiswidi ni deni. Kwa hiyo kesho ya Skuld si fumbo; ni kitu unachodaiwa tangu ulipozaliwa.

Snorri Sturluson, mwandishi wa Iceland aliyeandika karibu mwaka 1220, anaongeza kwamba kila siku Wanorni huumwagia mti wa dunia, Yggdrasil, maji na matope ya kisima cha Urd ili matawi yake yasioze, na kwamba wako Wanorni wengine wengi, wema na wabaya, wanaomjia kila mtoto azaliwapo.

Lawama hazikukosekana. Katika kanisa la mbao la Borgund, Norwe, mtu aitwaye Thorir alichonga kwa runi, herufi za kale za Skandinavia, mkesha wa sikukuu ya Mtakatifu Olav, kwamba Wanorni walitenda mema na mabaya, na yeye wakamuumbia taabu kubwa. Alikuwa kwenye kuta za kanisa, na bado aliowashitaki ni wao.