Kilichoshikilia kioo siku ile

Swali lenu la wiki hii, "Kati ya kioo na plastiki, kipi kimemfaa binadamu zaidi?", limenigusa. Nilikuwa na jibu kabla sijalimaliza kulisoma: kioo! Mchanga, magadi na chokaa huyeyushwa tanurini, kikatoka kitu kisichooza wala kuharibu ladha ya kinywaji. Bila lenzi, Galileo asingeiona miezi minne ya Jupita mwaka 1610, na sisi wenye miwani tusingelisoma swali lenu. Plastiki ni ya juzi tu, na tayari imejaa baharini.

Lakini kila nikifikiria kioo, kinachonijia kwanza ni kioo cha mbele cha basi dogo. Nilikaa kando ya dereva. Lori lililotutangulia likarusha jiwe kwa tairi, jiwe likatua kiooni, pa! usawa wa uso wangu. Nikafumba macho, nikisubiri vipande. Havikuja. Nilipofumbua, nyufa zilikuwa zimetambaa kama utando wa buibui mpaka upande wa dereva, na kioo kipo palepale. Dereva akaegesha, mikono ikimtetemeka, akasema, "Hakijatoboka." Nikapitisha kidole kwa ndani, taratibu, kwa woga. Laini kabisa! Nyufa zote zilikuwa nje. Nikapapasa tena na tena, abiria wengine wameshashuka, mimi bado nimekaa.

Kioo cha namna hiyo ni tabaka mbili, na katikati yake kuna utando wa plastiki unaoshika vipande visiruke. Mwanakemia Mfaransa, Édouard Bénédictus, aliomba hataza yake, yaani haki ya uvumbuzi huo, mwaka 1909. Inasimuliwa kwamba chupa yake ya maabara ilianguka, ikapasuka bila kutawanyika, kwa sababu dawa iliyokaukia ndani ilikuwa imeacha utando. Vile vioo vya pembeni vinavyovunjika punje punje ni vya aina nyingine: hupashwa moto sana, kisha hupozwa ghafla kwa hewa.

Kwa hiyo siwezi tena kukipa kioo kura yangu yote. Kikiwa peke yake, kingenichana uso. Kwa miwani, darubini na chupa za dawa bado nakitetea, na uchafu wa baharini sijausamehe. Najua pia kwamba plastiki tupu pale mbele ingechubuliwa na vumbi na waipa hadi dereva asione njia. Ila mkinibana nichague kimoja kwa ajili ya siku ile, nachagua plastiki.